Kuku, Muambie Mukwe Wangu

Mama mkwe wangu alipanda ndege kwa mara ya kwanza maishani akiwa amejifunika kitenge kichwa kizima, kama mtu anayekwepa moshi. Watu wa uwanjani walidhani anaogopa kuruka. Hakuwa anaogopa kitu. Alikuwa ananikwepa mimi.

Katika ukoo wao, wakulima wa milimani juu ya Butembo, mkwe wa kiume na mama wa mke wake hawatazamani usoni, hawapeani mkono, hawali pamoja, wala hawasemezani moja kwa moja. Kukiwa na neno, lazima lipitie kwa mtu wa tatu. "Ambia baba wa nyumba mvua inakuya." Na baba wa nyumba, aliyekwisha kusikia kila kitu kwa masikio yake mwenyewe, anakaa kimya kama gogo mpaka aambiwe upya. Kwetu Masisi tunawaheshimu wakwe, sikatai, lakini tunaketi nao tukanywa maziwa na kuulizana habari za ng'ombe. Nilipooa nilidhani jambo hili ni la miezi michache, kisha watanizoea. Miaka ilipita na bado niliujua mgongo wa yule mama kuliko uso wake.

Nilimfuata Butembo kwa sababu mke wangu alikuwa amelala hospitali Goma. Alijifungua kwa kupasuliwa, mtoto wetu wa kwanza, msichana, baada ya kungoja hadi majirani wakachoka kutuuliza. Mtoto alikuwa mzima. Mama yake ndiye aliyekuwa na homa isiyoshuka, na kila nilipomuuliza anataka nini, jibu lilikuwa moja: anataka mama yake. Hakutaka soda wala matunda wala padri. Barabara ya Rutshuru ilikuwa imefungwa na vita, malori hayakupita hata Rumangabo, na ndege za abiria zilikuwa zimejaa watu wenye haraka kama yangu. Kwa hiyo nilibembeleza kwa watu wa mizigo, nikapanda ndege inayokwenda Butembo tupu na kurudi Goma na viazi.

Mama wa watu alitoka kijijini na kikapu kimoja tu. Ndani yake mlikuwa na kuku mwekundu, mwenye hasira, wa kumchinjia mzazi ili arudishe nguvu. Hakuna mama wa kule anayekwenda kumwona binti aliyejifungua bila kuku. Afadhali asahau viatu.

Msimamizi wa kupakia alikuwa mtu wa hukohuko. Alitutazama mara moja, mimi nikiangalia milima upande huu, mama akiwa amegeukia ukuta upande ule, akaelewa yote.

"Mama na mukwe yake mu ndege moja?" aliuliza. "Hapana, papa. Hiyo haiwezekane. Ngoja nibapangie."

Ndege zile hazina viti. Viazi viko chini, juu yake wavu mnene uliofungwa kwenye pete za sakafuni, na abiria, kama wapo, wanakaa juu ya wavu wakishika wanachoweza kushika. Siku ile abiria tulikuwa sisi wawili. Mama aliwekwa mbele, karibu na mlango wa marubani. Mimi niliwekwa nyuma. Katikati yetu yule bwana aliwaamuru vijana wake wapange mifuko ya unga wa muhogo, mmoja juu ya mwingine, mpaka karibu na dari. Alijenga ukuta. Alifanya kazi ile kwa heshima kabisa, akipigapiga mifuko ikae sawa, kisha akanikonyeza kuonyesha kwamba aibu yetu imepata mahali pa kukaa. Wavu ulikuwa umekwisha kufungwa. Ukuta ulibaki juu yake, bila kamba hata moja.

Nilimshukuru sana. Nyuma ya ukuta ule ningeweza kuvua viatu, kujikuna, hata kulala mdomo wazi, bila kuogopa kuonwa na mama mkwe.

Furaha haikuchukua muda. Mimi ni fundi cherehani, na mashine yangu iko barazani, mvua inyeshe jua liwake, kwa sababu chumba kilichofungwa kinanikaba koo. Mke wangu hunicheka kwamba hata msalani naacha mlango wazi kidogo. Sasa nilikuwa na viazi chini, bati la ndege juu, unga mbele, na nyuma yangu kijimlango cha dharura kilichopakwa rangi nyekundu iliyobanduka. Nafasi yangu ilikuwa kama ya kabati. Nilibandika jicho kwenye kidirisha nikaangalia ziwa la Vitshumbi likipita chini, jeupe, nikajiambia nivute pumzi polepole. Upande wa pili kuku alilalamika njia nzima. Nilimwonea wivu kwa kuthubutu.

Goma ilikuwa na mvua. Tuliona mawingu tu, kisha ghafla mabati ya nyumba yakawa karibu mno. Magurudumu yaligusa, yakaruka, yakagusa tena, na chini yetu kitu kikapasuka kwa kishindo. Ndege ikavutwa upande mmoja. Nilingoja ipunguze mwendo. Haikupunguza. Kila mtu wa Goma anajua kinachongoja mwisho wa njia ile ya ndege: lava iliyoganda, mawe meusi yenye meno. Nilikuwa na muda wa kuwaza neno hilo moja, lava, halafu tukaifikia.

Viazi havikusogea. Wavu ulivishika kama ulivyopaswa kuvishika, na mimi mguu wangu ulikuwa umenasa kwenye wavu huohuo, ukanizuia nisiende popote. Ni ukuta peke yake uliosafiri. Uliondoka mbele ya macho yangu wote kwa pamoja, ukaenda mbele, kule aliko mama.

Halafu giza jeupe. Mifuko ilikuwa imepasuka na unga ulijaa hewani hadi sikuona mkono wangu. Nilikohoa, nikatema, nikakohoa tena. Ndege ilikuwa imeinamisha pua. Nje nilisikia marubani wakipiga kelele kwa lugha yao. Walikuwa wamekwisha kutokea dirishani kwao. Harufu ya mafuta ya ndege ikaingia, kali, inayochoma macho.

Niliuchomoa mguu na kuacha kiatu. Kile kijimlango chekundu kilikuwa kimeachia, upenyo wa mtu mwembamba, na mimi ni mwembamba. Nilitambaa juu ya viazi. Nilitoa kichwa nje na bega moja. Mvua ilinipiga usoni, na sijawahi kupenda mvua namna ile. Chini palikuwa na mawe, si mbali. Ningeruka tu.

Nyuma yangu kuku akalia.

Nilitaka kumwita mama nijue kama yu hai. Nilifungua mdomo, na hapo nikagundua kwamba sina neno la kumwitia. Miaka yote ile sikuwahi kumwita. Jina lake haliruhusiwi mdomoni mwangu, na "mama" sikuwahi kumwambia uso kwa uso. Nikapiga kelele ya kijinga: "Batu muko?"

Halafu, kutoka chini ya unga, sauti ndogo lakini imetulia, kama ya mtu anayezungumza jikoni kwake:

"Kuku, muambie uyu mutu niko muzima."

Nikarudisha kichwa ndani. Sitaki kujisifu. Mwili wote ulikataa, na nilimlaani yule msimamizi, nikaulaani ukoo mzima wa mke wangu hadi mababu. Lakini nilimfikiria mke wangu na homa yake, akiangalia mlango wa wodi. Nikiingia peke yangu nitamwambia nini? Kwamba mama yako tulimpangia vizuri sana?

Nilianza kuvuta mifuko. Ile ndege haikuwa na nafasi ya kutupa kitu pembeni. Kila mfuko niliomwondolea yeye, nililazimika kuupitisha juu ya mabega yangu na kuuweka nyuma yangu. Nilivuta, nikaweka, nikavuta. Baada ya muda nilishangaa mbona pamezidi kuwa giza, nikageuka kutazama. Mwanga wa kijimlango haukuwapo. Nilikuwa nimeuziba mwenyewe kwa mifuko. Ukuta ulikuwa umejengwa upya, safari hii nyuma yangu.

Hapo nilikaribia kupagawa. Nilisikia pumzi zangu zikikimbia, za juujuu, na unga ukinipanda puani. Niliupiga mfuko ngumi. Nililia, ndiyo, kwa sauti.

"Kuku," ilisema sauti, karibu sana sasa, "muambie aache. Miye nilishakula miaka yangu. Yeye iko na mutoto wa juzi. Aende."

"Kuku," nikajibu, na hasira ikanisaidia kupumua, "muambie mama siendi fasi yoyote."

"Kuku, uyu mukwe iko na kichwa nguvu."

"Kuku, muambie alijua tangu siku ya mahari."

Nadhani alicheka. Au alikohoa. Nilivuta mfuko mwingine na mkono wake ukatokea, mweupe tupu, umeshika kikapu. Kile kikapu kilikuwa kimebonyea upande mmoja, na ndani yake jicho moja la rangi ya chungwa lilikuwa likinitazama. Kisha bega. Kisha kitenge. Hata pale, chini ya shehena nzima, alikuwa ameshikilia kitenge kisimtoke usoni.

Mguu wake wa kushoto ulikuwa umebanwa kati ya mfuko wa mwisho na chuma cha sakafuni. Mfuko ule ulikuwa umelowa, mzito kama udongo, na pale nilipokuwa nimejibana sikuweza kuunyanyua. Njia ilikuwa moja: nimkumbatie chini ya makwapa, kifua kwa kifua, nimvute kwa nguvu zangu zote. Nilinyoosha mikono. Ilisimama yenyewe hewani. Naapa sikuiamuru kusimama.

Yeye pia aliona. Tulibaki hivyo, mafuta yakinuka, mvua ikigonga bati. Nje sasa kulikuwa na sauti nyingi. Watu wa mtaa walikuwa wameruka ukuta wa uwanja na walikuwa wakigonga mlango wa mbele kwa vyuma, wakiitana, "Kuko batu ndani! Kuko batu!" Mlango haukukubali. Nilisikia mtu akipiga kelele kwamba mafuta yanamwagika, wote warudi nyuma, na vishindo vya miguu vikaenda mbali. Halafu vikarudi. Watu wa Goma hawajui kukaa mbali.

"Kuku," alisema mama mkwe wangu, na safari hii sauti ilitetemeka. "Muambie mukwe wangu ageuze uso. Akishageuza, anishike."

Nikageuza uso, nikaangalia bati. Nikamshika.

Alinukia muhogo na moshi wa kuni. Alikuwa akitetemeka mwili mzima, jambo ambalo sauti yake ilikuwa imelificha vizuri, na alinishika shingo kwa nguvu ambazo sikuzitegemea kwa mtu wa umri wake. Nilivuta. Alipiga ukelele mmoja tu, mguu ukatoka, na tukaangukia nyuma juu ya unga, yeye juu yangu, kuku katikati. Hatukuachana. Nilikuwa bado nimegeuza shingo kama mtu aliyeamka vibaya, hadi ikaniuma, na nilihisi kitenge bado kimemfunika uso, wakati mlango wa mbele ulipofunguka kwa kilio cha chuma na mikono mingi ikaingia na mvua.

Tulitolewa weupe kuanzia nywele hadi kucha. Mwanamke mmoja aliyekuja na beseni la ndizi alituona akapiga ishara ya msalaba. Ndege haikuwaka moto. Mvua ilisaidia, walisema wengine. Wengine walisema Mungu. Mimi sikuambiwa sababu, wala ya kuanguka wala ya kutoungua.

Mama alilazwa hospitali ileile, mguu umevunjika mara mbili. Walisogeza kitanda chake hadi kikagusana na cha binti yake. Mke wangu alimpangusa unga usoni kwa kona ya shuka, taratibu, kama anavyosafishwa mtoto, wote wawili wakilia. Bibi alipopewa mjukuu alimshika, kisha akasema neno moja la kwao, "Wasingya," asante, akimwambia sijui nani. Homa ya mke wangu ilianza kushuka kesho yake. Daktari alisema ni dawa.

"Mama," mke wangu aliuliza alipopata nguvu za utani, "kumbe muliongea na bwana yangu?"

"Hatukuongea," alisema mama. "Ni kuku njo iliongea."

Wazee wa Butembo hawakupitisha hivihivi. Waliketi, wakajadili kwa simu, mtandao ukikatika kila mara, wakaamua nitoe mbuzi wa kusafisha ule mguso. Nilitoa. Shida ni kwamba mguu haukurudi sawa. Mama hakuweza kutembea juu ya mawe ya uani kwetu, ambayo ni lava tupu, wala kurudi kwake milimani. Alibaki. Nyumba yetu ya mbao ina vyumba viwili, tukatundika pazia. Mke wangu huuza sokoni, mimi hushona barazani, na kila asubuhi mtu lazima ambebe yule mama kutoka kitandani hadi kwenye kiti chake cha juani. Kama kila mguso ungekuwa mbuzi, Masisi nzima isingenitosha.

Kuku ndiye aliyetuokoa tena. Hakuna aliyethubutu kumchinja. Alilala chini ya kitanda cha mama, akitaga anapotaka, akinya popote. Asubuhi mama angesema, "Kuku, muambie mukwe wangu jua imetoka," nami ningeingia nimegeuza uso, nikambeba, nikamweka, nikarudi kwenye cherehani. Wazee walipoulizwa walisema, kama kuna mtu wa tatu, basi ni sawa.

Halafu vita viliingia mjini. Uwanja wa ndege ukafungwa, njia ile tuliyoipita kwa kasi ikaota majani. Nguo za kushona zikaisha, maana hakuna anayeshona gauni akiwa na njaa. Kwa mara ya kwanza nikawa na baraza wazi na bado nikahisi nimefungiwa nyuma ya viazi. Usafiri wa kurudi Butembo tuliacha hata kuutaja. Katika siku hizo mke wangu alijifungua mtoto wa pili, nyumbani, akatoka damu nyingi. Alilala hana rangi, na ndani ya nyumba mlikuwa na chumvi na majani ya muhogo.

Nilikuwa nimeketi kwenye cherehani, nikishona kitu kisichohitajika, niliposikia mama akisema nyuma ya pazia.

"Kuku hii ilikuya juu yako. Ilichelewa tu. Mama wa jirani aichinje, ukule."

"Mama," mke wangu alisema, "na weye? Nani atakusemeaka kwa bwana yangu?"

"Ukule, nimesema."

Jirani alimchinja. Mke wangu alikunywa mchuzi, akala, akalala, na jioni midomo yake ilikuwa na rangi kidogo. Sikugusa nyama ile. Mama naye hakugusa.

Asubuhi jua lilitoka. Mke wangu alikuwa amelala na watoto wote wawili kifuani, usingizi wa kwanza mzuri, na mkubwa wao hata hivyo alikuwa bado anajua "maji" na "apana" tu. Nilisimama upande wangu wa pazia. Upande wa pili nilisikia kitanda kikilia, mama akijaribu kukaa. Akakohoa. Nikakohoa. Tulingoja, kila mmoja akimngoja mtu wa tatu, na hapakuwa na mtu. Pazia lilikuwa jepesi, kitenge kikuukuu, ningeweza kulipumulia likafunguka. Sikuweza kusogeza mguu. Kifua kilinibana kama siku ile ya unga, na nilijua kwamba na yeye kinambana.

"Mutoto wangu," alisema.

Nilitazama nyuma yangu kuona anamwita nani.

"Mutoto wangu, kuya unibebe."

Nikafungua pazia. Alikuwa amekaa ukingoni mwa kitanda, kichwa wazi, hakujifunika, na mimi nilisahau kugeuza uso. Ana macho ya mke wangu. Miaka yote ile sikuwa nimejua. Nikamshika chini ya makwapa, akanishika shingo, nikambeba hadi juani.